Kuapdeti femuwea ya kifaa cha kupimia gari: laptopu, simu, fundi, au ukiache kilivyo?

Siku hizi ukifungua app ya kupimia gari, kabla hata hujasoma kodi ya chekinjini, yaani ile namba ya hitilafu ya gari, inakuletea ujumbe kwamba kifaa chako kina femuwea mpya, bonyeza hapa kuapdeti. Wengine wanabonyeza tu, wengine wanaogopa maana washasikia kuna jamaa kifaa chake kilizima pale pale hakikuamka tena, na wengine wanaishi na huo ujumbe mwaka mzima, kila asubuhi wanaufunga ndio wanaingia barabarani. Njia ziko nne: kuapdeti kwa laptopu na waya wa USB, kuapdeti kwa simu kupitia Bluetooth au waifai, kumpa fundi akufanyie, au kuachana nayo. Zote nne watu wa Dar wanazitumia na kila moja ina mahali pake, kwa hiyo nitazipitisha kwenye vigezo vile vile halafu wewe utapima na hali yako.

Ila kwanza tutoe hofu moja. Femuwea ninayoiongelea hapa ni ile programu ndogo inayokaa ndani ya kifaa chenyewe, kile unachochomeka chini ya usukani, ndiyo inayochukua maneno ya gari na kuyapeleka kwenye simu au laptopu. Hiyo sio kuflashi kontroo boksi, yaani kompyuta ya gari lenyewe. Kifaa kikifia kwenye apdeti gari inabaki vile vile, unakichomoa, unapiga stata, unaondoka. Kuandika upya kontroo boksi ni kazi nyingine kabisa na hatari yake ni nyingine, na mtu akikutajia bei ya hii akiichanganya na ile, muulize vizuri.

Umeshika nini mkononi?

Hili swali linatangulia vigezo vyote maana kwa baadhi ya vifaa uamuzi unaishia hapa hapa.

Vile vidogo vya bei rahisi vilivyojaa Kariakoo vingi vimeandikwa ELM327. ELM327 ya kweli ilikuwa chipu ya kampuni ya Kanada, Elm Electronics, na toleo lake la kwanza lilitoka bila kufungwa dhidi ya kunakiliwa, wajanja wakalichota lote, na kuanzia hapo dunia ikajaa kopi. Kampuni yenyewe ilishafunga biashara 2022. Kitu ambacho wengi hawakijui ni kwamba Elm walitoka toleo la 1.4b wakaruka hadi 2.0, hawajawahi kutoa 1.5, kwa hiyo kifaa kikijitambulisha kama v1.5 hiyo ni kopi, huna haja ya kubishana na muuzaji. Kikijiita v2.1 pia usikiamini kwa jina tu, ziko nyingi zinajiita hivyo na amri kibao hazizijui. Na hata orijino haikuwa ya kuapdetiwa na mteja, ukitaka toleo jipya unanunua chipu nyingine. Sasa mtu akikuuzia faili la "kuapdeti ELM327", muulize ni la chipu gani uone atakavyohangaika.

Kujua umeshika nini sio kazi ngumu. Weka kwenye simu app yoyote ya terminali ya Bluetooth, unganisha na kifaa, andika ATI utume, kitakujibu jina na toleo. Halafu tuma STI. Kikijibu STN na namba zake, hapo uko kwenye familia ya OBDLink au kifaa kinachofuata njia yake. Kikikurudishia alama ya kuuliza maana yake hiyo amri hakiijui, basi. OBDLink, vLinker za Vgate, HEX-V2 ya Ross-Tech kwa wenye VW na Audi, Launch, Autel, hivi vyote watengenezaji wake wanatoa femuwea wenyewe, na ndivyo ninavyoviongelea kuanzia hapa.

Kopi za waya za VCDS, ile programu ya Ross-Tech, na zile kopi za Mini VCI ambazo watu wanazitumia kwenye Toyota ziweke pembeni kabisa. Hizo muuzaji mwenyewe mara nyingi kaandika usiapdeti, na hapo anasema kweli, maana programu orijino mpya ikiitambua kopi inaweza kuifungia ukabaki na waya wa kufungia mzigo.

Vigezo

Nitaangalia vitano: umeme wakati kazi inaendelea, uimara wa mawasiliano kati ya kifaa na kinachokiapdeti, kinachotokea ikikatika katikati, faili linatoka wapi, halafu hela na usumbufu. Umeme nitaukalia kuliko vingine, tunaoishi hapa mjini tunajua kwa nini.

Umeme

Apdeti inafuta programu ya zamani na kuandika mpya. Umeme ukikata katikati, kifaa kinabaki hakina ya zamani wala mpya haijakamilika.

Kwa laptopu, vifaa vingi vya USB vinakula umeme wa laptopu yenyewe, kwa hiyo unaweza kukaa nacho mezani gari ikiwa huko nje. Tatizo ni betri ya laptopu. Kama laptopu yako ni ile ya kuishi kwenye chaja, TANESCO wakikata na yenyewe inazima, basi hiyo kwa kazi hii haifai, azima nyingine. Kama betri ni nzima ijaze, chomeka na chaja pia, izuie isilale, na apdeti za Windows zisogeze hadi kesho, maana Windows ikiamua kujirestati haipigi hodi. Angalia pia maelekezo ya kifaa, kuna vya USB ambavyo bado vinataka volti 12 kutoka kwenye gari ndio vikubali kuapdetiwa.

Kwa simu mambo yanageuka. Kifaa cha Bluetooth hakina betri, kinakula kwenye soketi ya OBD, ile ya chini ya usukani unakokichomeka, pini namba 16 ambayo ina umeme wa betri moja kwa moja hata ufunguo ukiwa mfukoni mwako, na negativi iko pini ya 4 na ya 5. Kwa hiyo betri ya gari ndiyo inayobeba kazi yote. Ile terminali uliyotumia kutuma ATI, tuma ATRV, kifaa kitakusomea volti kinazopata pale pale kwenye soketi. Gari ikiwa imezimwa na imetulia, 12.6 betri imejaa, 12.4 endelea, ikiwa 12.2 au chini yake nenda kazungushe gari kwanza au weka chaja. Kama maelekezo yanataka ufunguo uwe on, weka on ila usiwashe injini, na zima redio, feni ya AC na taa. Halafu kitu kimoja wanachosahau hasa ndugu zetu wa Bolt ambao gari haitulii: usipige stata katikati ya apdeti. Stata inavuta umeme mwingi hadi volti zinaporomoka hadi 10 hivi, na kwenye betri iliyochoka zinashuka zaidi, ni sekunde tu lakini kwa kifaa kinachoandikwa zinatosha.

Kwa fundi inategemea fundi. Pita Gerezani umwangalie anayejua kazi yake: hajagusa tableti kashafungua boneti, kabana klipu za chaja kwenye betri, chaja kaiweka ya kawaida sio ile ya kubusti, vioo kavishusha mapema ili baadaye mtu asiguse swichi, na dogo wake kamwambia asimame mbali na mlango. Ndipo anaingia kwenye menyu ya Launch, sehemu ya kurekebisha femuwea ya kile kichwa kinachochomekwa kwenye gari. Kichwa kinawakawaka taa pale chini ya usukani, mteja anauliza vipi bado, fundi hajibu, anaangalia skrini mpaka imwambie tayari. Huyo mwachie. Mwingine anafanya kazi hiyo hiyo huku pembeni mtu anajaribu honi.

Ukiacha kama kilivyo, umeme haukuhusu.

Kwa wenye Fuso na malori mengine ya volti 24, usitumie lori kama chanzo cha umeme wa kuapdetia kifaa cha gari ndogo, hata kama mtu kakuletea adapta ya soketi, mpaka uwe umesoma kwenye kifaa chenyewe kwamba kinabeba 24.

Mawasiliano

USB ndiyo imara zaidi, tatizo lake ni waya wenyewe. Kama ni ule unaoukunja kidogo ndio unachaji, usiutumie. Chomeka moja kwa moja kwenye laptopu, usipitishe kwenye kigawio cha USB chenye flashi na mausi na feni juu yake.

Simu inafanya kazi vizuri ila ina maadui wengi. Simu ya pili ambayo iliwahi kuunganishwa inaweza kukidaka kifaa kabla ya yako, izime Bluetooth, na app nyingine zinazotumia kifaa hicho, Torque, Car Scanner, zote zifunge kabisa. Simu nyingi za Android zina tabia ya kuua app zikiona skrini imezima au betri imeshuka, kwa hiyo zima kile cha kuokoa betri na acha skrini iwake. Weka hali ya ndege halafu washa Bluetooth peke yake ili shemeji asipige katikati, lakini hii fanya baada ya kudownload faili, kama app inataka intaneti muda wote itabidi uache data on na umwombe Mungu shemeji awe busy. Vifaa vya waifai vina kituko chao: simu ikiona waifai ya kifaa haina intaneti inaiacha kimya kimya inarukia data, kwa hiyo ikikuuliza kama ubaki kwenye mtandao usio na intaneti, kubali. Na jua kali. Gari iliyoegeshwa Mwenge saa saba mchana na simu iko juu ya dashibodi, simu itapata moto ipunguze kasi au ijizime. Fanya asubuhi au chini ya mwembe.

Fundi mwenye tableti anaweza kutumia waya kati ya tableti na kile kichwa, Autel kwa mfano zina njia hiyo, na ni vizuri umuulize kama atatumia waya au hewa.

Kuacha, hakuna mawasiliano ya kukatika.

Ikikatika katikati

Vifaa vilivyotengenezwa vizuri vina kipande kidogo cha programu ambacho apdeti haikigusi, wenyewe wanakiita butiloda. Apdeti ikifia njiani kile kipande bado kiko hai, kifaa kinasubiri ujaribu tena. Chipu za STN ziko hivyo, kwa hiyo mwenye OBDLink akiona imegoma katikati asianze kulia, akichomeke upya arudie.

Kwa laptopu kurudia ni rahisi, programu ya mtengenezaji mara nyingi inakiona kifaa hata kikiwa nusu mfu. Kwa simu inawezekana pia, ila kuna vifaa ambavyo vikishakwama app haivioni tena kwenye orodha na inabidi urudi kwenye laptopu tu, kwa hiyo anayeapdeti kwa simu ni vizuri ajue mapema laptopu ya dharura ataipata kwa nani. Kwa fundi una faida ya mtu aliyeshaviona vifaa vilivyokwama, wengine wana vifaa vya kufungua na kuandika chipu moja kwa moja, lakini mkubaliane kabla: kikifa mkononi mwake nani analipa? Ukiuliza baadaye utaambiwa "bosi, kilikuja kibovu."

Anayeacha hakwami, lakini anabaki na kasoro zake zote. Kama kifaa kinakatakata mawasiliano au kinashindwa kusoma baadhi ya mifumo ya gari yako na mtengenezaji kaandika kwamba toleo jipya limetibu hilo, kuacha nako kuna gharama. Na ujue sio kila kifaa kinakubali kurudi toleo la nyuma, andika pembeni toleo ulilonalo kabla hujaanza.

Faili limetoka wapi

Njia ya simu hapa iko salama sana kwa sababu app ya mtengenezaji inachagua faili yenyewe kulingana na kifaa, wewe unabonyeza tu. Laptopu inakupa uhuru, na uhuru huo ndio unaowaponza watu: anaingia kwenye tovuti ya mtengenezaji hakuti modeli yake haraka, anahamia kwenye kiungo alichotumiwa na mshikaji kwenye grupu, faili limezipiwa lina nenosiri na maelekezo yanasema zima antivairasi kwanza. Ukifika hapo funga laptopu ukanywe chai. Modeli lazima ifanane herufi kwa herufi, vLinker FS sio FD hata kama majina yanakaribiana. Fundi naye muulize faili analitoa wapi, akisema analo kwenye flashi tangu zamani, mshukuru uondoke.

Hata madereva ya Windows, zile programu ndogo zinazoiwezesha kompyuta kuongea na kifaa, yanaweza kukuumiza bila wewe kuapdeti chochote. Oktoba 2014 kampuni ya FTDI, wanaotengeneza chipu za USB zilizomo kwenye nyaya nyingi za kupimia magari, walitoa dereva iliyokuja kupitia Windows Update, ikawa ikikuta chipu feki inaifuta namba yake ya utambulisho na kuweka sifuri, kompyuta haiioni tena. Watu walipiga kelele, dereva ikaondolewa, na wenye ujuzi waliziamsha hizo nyaya kwa programu ya FTDI yenyewe. Kwa hiyo hata aliyechagua kuacha, kama anatumia waya wa kopi kwenye laptopu yenye intaneti, bado hajajificha kabisa.

Hela na usumbufu

Femuwea yenyewe kwa vifaa hivi kwa kawaida haiuzwi, tofauti na apdeti za programu za Launch au Autel ambazo zina usajili wa kulipia kila kipindi. Mafundi wengine wanazitaja pamoja, tenganisha. Mafaili ya femuwea ni madogo, bando halikuumizi, ila programu ya laptopu ya kuyawekea inaweza kuwa kubwa kidogo. Simu ndiyo nyepesi kuliko zote, haina kutafuta laptopu wala madereva. Fundi utamlipa na utapoteza nusu siku kwenye foleni ya Kawawa. Kuacha ni bure.

Sasa kwa hali yako

Una kifaa cha kopi, na kinasoma na kufuta kodi kwenye IST au Vitz yako bila shida: acha. Hela ya kuhangaikia apdeti weka pembeni ununue kifaa cha kweli siku hiki kikifa.

Una OBDLink au vLinker ya Bluetooth, gari ni yako, betri ni nzima na unaweza kutulia nusu saa bila kuitwa na mteja: simu inatosha. Kama betri ya gari inahitaji kubustiwa kila Jumatatu, shughulikia betri kwanza, au tafuta betri ya volti 12 ya sola ufanyie mezani kwa soketi ya OBD, ila hapo uwe na uhakika wa pini 16 na negativi, ukizigeuza utakiua kifaa bila hata kufika kwenye apdeti.

Una kifaa cha USB, au kazi yako ni kupima magari ya watu na kifaa kikilala huli: laptopu. Usifanye kazi hiyo asubuhi ambayo una magari matatu yanasubiri, fanya jioni ambayo hata kikikwama una usiku mzima wa kurudia.

Una Launch au Autel umenunua mkononi kwa mtu, hujui imesajiliwa kwa nani wala imewahi kuguswa nini: mpe fundi anayetumia mashine hiyo hiyo kila siku. Wewe mgeni wa hizo menyu ukiambiwa kichwa kinahitaji kurekebishwa femuwea hutajua kama ni kweli au ni waya umelegea.

Kifaa cha kweli, kinafanya kazi, na maelezo ya toleo jipya yanaongelea magari ambayo huna: hakuna haraka, subiri kidogo usikie waliotangulia wanasemaje, matoleo mengine yanakuja na kasoro mpya yanafuatiwa na jingine muda mfupi baadaye.

Na kama unasoma hapa kifaa kikiwa tayari kimekwama na taa moja haizimi, kichomoe kwenye gari, kiache dakika chache, kichomeke tena betri ikiwa na chaja, halafu tumia laptopu na programu ya mtengenezaji hata kama ulianzia kwenye simu. Kikionekana, rudia faili lile lile la modeli yako, usijaribu la toleo jingine kwa kubahatisha. Kikishaamka tuma ATI na ATRV, soma kodi za gari mara moja uone kinaongea na gari kama kawaida, ndio ukirudishe kazini. Kisipoonekana kabisa kwenye laptopu mbili tofauti na waya tofauti, mwandikie mtengenezaji namba ya utambulisho ya kifaa (serial number) na toleo ulilokuwa nalo mwanzo, na kama bado kina waranti usikubali mtu yeyote akifungue kwa bisibisi kabla hujajibiwa.